Fomu ya kazi ina visanduku vitatu: "ujuzi", "stadi" na "umahiri". Naandika nini?

#1 Mwana Keko
Wakuu, habari za jioni. Mimi ni seremala, Keko, mwaka wa kumi na moja huu. Kuna hoteli imetangaza nafasi ya fundi wa matengenezo, nikachukua fomu. Jina, umri, shule, nimejaza bila shida. Ukurasa wa pili ndiyo umenikwamisha. Visanduku vitatu vimepangana: "Taja ujuzi ulio nao." Chini yake: "Taja stadi ulizo nazo." Chini yake tena: "Eleza umahiri wako."

Cha kwanza nimeandika vitanda, makabati, milango, madirisha, kupaua. Cha pili nikajikuta narudia yaleyale. Cha tatu kitupu, leo siku ya tatu. Shemeji yangu ni karani, anasema yote ni kitu kimoja. Kama ni kitu kimoja, visanduku vitatu vya nini? Mwisho Ijumaa.

#2 Pasi Ndefu
Ngoja wajuvi waje.

#3 Bibi Chumbageni
Mjukuu wangu #2, umesema wajuvi? Mjuvi ni mtu wa kiherehere, hana adabu, anajibu kabla hajaulizwa. Mwenye kujua ni mjuzi. Yote mawili yametoka kwenye *jua*, lakini ukimwita mzee wa watu mjuvi hapa Tanga utalala na njaa.

#4 Pasi Ndefu
Shikamoo bibi. Basi wajuvi tumeshafika, tunawasubiri wajuzi.

#5 Mwalimu Chaki
Mleta uzi, fomu yako ina mantiki, usimsikilize shemeji.

Ujuzi ni neno pana: kila ulichokijua kwa kusoma au kwa kutenda. Stadi ni ujuzi uliokatwa vipande vinavyoweza kufundishwa na kupimwa kimoja kimoja. Ndiyo maana shuleni tunasema stadi za kusoma, stadi za kuandika, na mtaala wa shule za msingi wa 2005 ulikuwa na somo zima la Stadi za Kazi. Kwako wewe kutengeneza kabati ni ujuzi. Kupiga randa, kunoa patasi, kuunga mbao kwa ulimi na tundu, kusoma futikamba bila kukosea, hizo ni stadi. Umahiri ni kiwango ulichofikia katika hizo stadi. Fungua mtaala mpya wa 2023, kila ukurasa ni umahiri mkuu na umahiri mahususi.

#6 Mwana Keko
Asante mwalimu. Kwa hiyo kisanduku cha pili niandike kunoa patasi? Watanicheka.

#7 Jua Kali wa Gikomba
Salamu kutoka Nairobi. Mwalimu #5, huku kwetu mtaala wa namna hiyohiyo, ulioanza nchi nzima 2019, tunauita wa *umilisi*. Mwanangu analetewa ripoti ya umilisi, binamu yake aliye Arusha analetewa ya umahiri. Walikutana likizo nikawapa nyundo. Wote wawili walijigonga kidole.

#8 Mwalimu Chaki
😂 Umilisi ni neno lenye kesi. Wanaisimu walilichukua zamani kutafsiria dhana ya mwenzao Chomsky: *umilisi* ni ile lugha iliyo kichwani, na *utendi* ni unachokitamka mdomoni. Kwa maana hiyo mwenye umilisi anaweza asionyeshe chochote! Mtaala unataka kinyume chake, mtoto atende.

#9 Karani Mstaafu
Nimekaa ofisi ya rasilimali watu miaka mingi, nitawaambia ukweli ambao hautawapendeza walimu. Fomu hizo hazikuandikwa kwa Kiswahili. Mtu alipewa fomu ya Kiingereza yenye maneno matatu yanayofanana, akafungua kamusi, akachukua maneno matatu ya Kiswahili yanayofanana, akaenda kunywa chai. Kisanduku cha tatu sijawahi kumwona mtu akikisoma. Tulikuwa tunaangalia cheti, tunaangalia mikono. Kweli, mikono. Fundi asiye na kovu hata moja tulikuwa tunamtilia shaka.

#10 Kamusi Tembezi
Namuunga mkono #9 nusu. Tatizo ni kwamba Kiswahili kimepokea maneno haya kwa nyakati na njia tofauti, sasa tunataka kuyagawia vyeo kana kwamba yalizaliwa pamoja. Angalieni:

*Fundi* ni neno la Kibantu, jamaa wa *funda*, *funza*, *fundisha*, *mkufunzi*, *mwanafunzi*. Kizulu wanasema *ukufunda* kwa kujifunza, na mchungaji wa kanisa ni *umfundisi*. Afrika Kusini hata wanaozungumza Kiingereza humwita mtu aliyebobea "fundi".

*Mahiri* ni Kiarabu. *Mtaalamu*, *taaluma*, *elimu*, *mwalimu* na *ulamaa* ni ukoo mmoja wa Kiarabu. Mtaalamu kwa asili ni mtu aliyejifunza tu, basi.

*Stadi* na *ustadi* ni neno lilelile la *ustadhi*, mwalimu wa madrasa.

*Msanii* na *sanaa* yametoka kwenye *kusana*, yaani kufua chuma.

Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya mwaka 1985 inayo yote haya, kaangalieni.

#11 Bibi Chumbageni
Kamusi inayotembea imejikwaa mara mbili. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya TUKI ilitoka 1981. Na *sanaa* ni Kiarabu, haina udugu na *kusana*. Kusana ni kwetu kabisa, na mhunzi pia huitwa msana. Ndiyo ile "mwana wa mhunzi asiposana huvukuta", yaani hupuliza moto. Zimefanana sura tu, kama mimi na jirani yangu.

#12 Kamusi Tembezi
Nimepokea, mama. La 1981 nakubali, nilichanganya. La kusana bado nalitafakari, maana mhunzi naye ni msanii.

#13 Bibi Chumbageni
Tafakari huku ukivukuta.

#14 Pasi Ndefu
😂😂 Bibi hana msalie Mtume.

#15 Muscat Kwetu
Niongeze kwenye *ustadi*. Huku Ghuba ukimwita mtu ustadh unamheshimu: mwalimu, msomi, mtu mzima mwenye kazi yake. Wamisri wana *usta*, wanamwita hivyo fundi wa gari, seremala, hata dereva wa daladala. Neno ni hilohilo, wenyewe wanasema asili yake ni Uajemi. Wahindi nao wana ustad, mpiga tabla aliyeiva. Kwa hiyo safari moja ya neno imezaa sheikh, profesa, makanika na mpiga ngoma. Sisi Waswahili tumeligawa: ustadhi tukampa madrasa, ustadi tukaupa mikono.

#16 Mzee wa Tezo
Assalaam alaykum. Mimi ni wa Matondoni, Lamu. Nimesoma toka juu mpaka hapa, nimeona hamjamjibu kijana.

Marehemu baba alikuwa akiunda majahazi. Pale ufuoni kila mtu alikuwa fundi: anayechonga taruma ni fundi, anayetoboa kwa keekee ni fundi, anayetia kalafati ni fundi. Fundi ni kazi, mtu anaweza kujiita mwenyewe asubuhi akiamka. Stadi hakuna aliyejiita.

Kulikuwa na mzee mmoja wa kalafati. Kalafati ni kuziba nafasi kati ya mbao na mbao kwa pamba iliyolowa mafuta, unaishindilia kwa patasi butu na nyundo. Vijana tulikuwa tunashindilia mpaka mkono unauma, halafu jahazi likishushwa linavuja. Yule mzee alikuwa anapiga huku amefumba macho. Siku moja nikamuuliza, anaona nini. Akasema haoni, anasikiliza. Pamba ikiwa bado, nyundo inalia tupu. Ikijaa, sauti inakaza. Ukizidisha hapo unaipanua mbao, na jahazi linavuja vilevile. Nilikaa naye misimu miwili kabla sijaisikia hiyo sauti. Baba ndiye aliyekuwa akisema "fulani ni stadi", na alilisema kwa watu wawili tu katika maisha yake. Mimi sikuwamo.

Kwa hiyo mwanangu, kisanduku cha stadi waachie wengine wakujazie.

#17 Dada wa Ukonga
Hii ya #16 imenisimamisha shughuli. Nyundo inalia tupu!

#18 Karani Mstaafu
Mzee wangu #16, nakuheshimu, lakini kijana akiacha kisanduku wazi akisubiri watu wamsifu, nafasi atachukua mwingine. Kwenye maombi ya kazi unajipaka sifa mwenyewe.

#19 Mzee wa Tezo
Sifa tunaipaka jahazi, mwanangu. Ni mafuta ya papa hayo, na yananuka.

#20 Jua Kali wa Gikomba
Uzi umeisha, fungeni 🤣

#21 Mama Ukoko
Haujaisha, nami nina langu. Nyote mnabishania majina. Sisi watu wa jikoni tunatumia kitenzi. Sijawahi kusikia mtu akisema "mama fulani ana stadi za mapishi". Wanasema *anajua kupika*. Na *anajua* si *anaweza*. Anaweza kupika maana yake hawezi kufa njaa akiachwa peke yake. Anajua kupika maana yake wageni wanagombea ukoko. Mwingine tunasema *ana mkono*. Unampa nazi ileile, mchele uleule, moto uleule, wali wake mwingine kabisa. Mwalimu #5, mkono huo ni kipande kipi cha ujuzi?

#22 Mwalimu Chaki
Mama hapo umenipata. Mkono sina pa kuuweka.

#23 Pasi Ndefu
Mama Ukoko kasema kweli tupu. Hata uwanjani ni hivyo. Mtoto akipiga chenga moja ya maana jukwaa zima linasema "anajua huyu!" Anajua nini? Haulizwi. Akizidisha tunasema anapiga *maujuzi*. Maujuzi hayana umoja, hakuna aliyewahi kupiga ujuzi mmoja.

#24 Mwana Lushi
Bandugu, jambo. Huku kwetu Lubumbashi tunasemaka "ule anayua kazi", inaisha. Fundi ni fundi. Stadi mimi naisikiaka ku radio tu.

#25 Dada wa Ukonga
Karibu Lushi! "Anayua" tamu hiyo.

#26 Fundi Timazi
Mimi ni mwashi, Morogoro. Nilianza kama saidia fundi, kubeba ndoo za zege, na mwiko nilipewa mwaka wa tatu. Mwaka juzi nikaenda VETA kwenye ule mpango wa kurasimisha ujuzi uliopatikana nje ya mfumo rasmi. Kwa asiyejua, hawakurudishi darasani mwanzo, wanakupima ulichonacho, wanakuongezea kinachopungua, unapata cheti.

Sasa sikieni. Nikapewa matofali na mchoro, nijenge kona. Nikajenga, timazi ikasimama, pima maji ikakaa katikati. Mpimaji akauliza: huu mpangilio wa matofali unaitwaje? Sikujua kama una jina! Nimeujenga nyumba ngapi sijui. Akaniuliza kwa nini tofali la mstari wa juu linakaa juu ya kiungo cha chini. Nikasema ukiziacha zilingane ukuta unapasuka kama kitambaa kwenye mshono. Akacheka, akaandika.

Kwa hiyo mimi naona ujuzi ni kazi pamoja na maneno yake. Ufundi nilikuwa nao bila maneno. Sasa nina cheti cha VETA, mamlaka ya tangu 1974 si mchezo.

#27 Kamusi Tembezi
Leo nami nimsahihishe mtu 😀 Sheria ya kuunda VETA ni ya 1994, mkuu. Na ona jina lenyewe: Mamlaka ya Elimu na Mafunzo ya *Ufundi Stadi*. Wameyabeba yote mawili. Ufundi peke yake haukuwatosha.

#28 Fundi Timazi
1994, sawa. Lakini nieleze na hili: kwenye matangazo ya kazi serikalini kuna *fundi sanifu* na *fundi mchundo*. Sanifu kakaa darasani zaidi. Mchundo ndiye mimi. Mke wangu alipolisoma aliniuliza kama nimeanza kuuza supu.

#29 Jua Kali wa Gikomba
Fundi ni fundi, mchundo au sanifu, akikuambia njoo kesho jua ni kesho ya Pasaka. Nina suti iko kwa fundi cherehani tangu harusi ya kaka. Kaka sasa ana mtoto anatembea.

#30 Dada wa Ukonga
Usinikumbushe. Dera la Idi nililipata siku ya tatu baada ya Idi, na shingo iko mgongoni. Akaniambia "ndiyo mtindo". Huo ni ufundi, ustadi au usanii?

#31 Pasi Ndefu
Huo ni usanii ule wa mjini 😂 Yaani neno la kumsifu mchongaji limegeuka kuwa utapeli. "Jamaa kanifanyia usanii."

#32 Kamusi Tembezi
Si hilo peke yake. *Mtaalamu* nalo. Ukisikia jirani "kaenda kwa mtaalamu" usidhani ni wa kompyuta. Na *fundi* vilevile, sehemu nyingi ni mganga. Mtu mwenye kujua kisichojulikana na wengine huwa tunamsifu mchana na kumwogopa usiku.

#33 Pasi Ndefu
Kwenye mpira kuna *benchi la ufundi* linaloonekana kwenye televisheni, na kuna *kamati ya ufundi* inayoingia uwanjani usiku wa manane na nazi. Matokeo yakija hujui uwapongeze wapi.

#34 Bibi Chumbageni
Turudini. Nimeona *fundi* limejadiliwa kiume mno: nyundo, tofali, mpira. *Kufunda* ni kazi ya kungwi na somo. Mwari akitoka ndani tunasema amefundwa. Mtu akiropoka mbele ya wakwe tunasema hakufundwa. Basi fundi kwangu ni yule aliyefundwa hadi akaweza kumfunda mwingine. Asiye na mwanafunzi si fundi, ni kibarua mwenye vifaa vizuri.

#35 Kamusi Tembezi
Hapo bibi ndipo penye ubishi wa kweli: fundi ni mfundaji au mfundwa? Kizulu *funda* ni kujifunza. Sisi *funda* ni kufundisha. Neno moja, watu wawili wanatazamana.

#36 Mwalimu Chaki
Mimi nasema mfundaji. Hata shule ya ufundi ya Ifunda, Iringa, jina linajieleza.

#37 Fundi Timazi
Mwalimu! Ifunda ni jina la mahali, lilikuwapo kabla ya shule. Nina shangazi pale. Kwa hesabu hiyo Mafinga wanafinga nini?

#38 Mwalimu Chaki
Nilikuwa natania. (Robo tatu.)

#39 Mzee wa Tezo
Bibi wa Chumbageni, la #34 sikubali lote. Yule mzee wa kalafati hakuwa na mwanafunzi hata mmoja aliyemwita mwanafunzi. Alikuwa mkali, hasemi. Sisi tulimwibia tu kwa kukaa karibu.

#40 Bibi Chumbageni
Kaka yangu, kuibiwa nako ni kufunda. Sauti ya nyundo uliipata wapi?

#41 Dada wa Ukonga
Na *weledi* mnaliacha? Kila hotuba: "fanyeni kazi kwa weledi na uadilifu". Nimelisikia sana, sijawahi kusikia fundi wangu wa bomba akisema leo nimeziba kwa weledi.

#42 Karani Mstaafu
Weledi ni neno la kuvaa tai. Lilikuwa kwenye fomu zetu pia, kisanduku cha nne. Shukuru Mungu, Mwana Keko, wewe una vitatu.

#43 Jua Kali wa Gikomba
Na *bingwa* je? Kwetu bingwa ni wa ndondi.

#44 Dada wa Ukonga
Kwetu pia, lakini hospitali kuna daktari bingwa, na siku hizi kuna bingwa *bobezi* juu yake. Nikimwona huyo bobezi huwa nanyamaza kabisa, hata dalili nasahau.

#45 Mama Ukoko
Kubobea mbona hata walevi wanabobea.

#46 Mwana Keko
Wakuu nimerudi. Fomu nimeipeleka leo mchana. Nawaambia nilivyofanya, msinipige.

Ujuzi: vitanda, makabati, milango, madirisha, kupaua, kurekebisha samani za zamani. Kama mwanzo.

Stadi: nimefuata ya mwalimu kidogo. Nimeandika kuunga kwa ulimi na tundu, kupiga randa kwa mkono umeme ukikatika, kutambua mbao mbichi kwa kuigonga. Hiyo ya mwisho nimeiandika baada ya kumsoma Mzee wa Tezo. Kumbe huwa naigonga kweli, miaka yote, na sikuwahi kuihesabu kama kitu ninachokijua. Mbichi inajibu nzito, iliyokauka inaita. Mjomba aliyenipokea Keko hakunifundisha kwa maneno, nilimwona anagonga nami nikagonga.

Umahiri: nilikaa dakika ishirini pale mapokezi na kalamu. Nikaandika "kabati la miaka tisa Kurasini milango bado inafunga, naweza kuwapeleka."

Dada wa mapokezi alikisoma, akaniuliza kwa nini sikuandika "mzuri sana" kama wengine. Nikamwambia sijui.

#47 Karani Mstaafu
Ningekuita kwenye usaili. Ningetaka kuliona hilo kabati.

#48 Mwalimu Chaki
Umechanganya ushahidi na umahiri lakini nakupa alama.

#49 Bibi Chumbageni
Mwalimu kamwacha mwanafunzi mmoja apite, tusherehekee.

#50 Mzee wa Tezo
Mbao gani hiyo unayoigonga? Mninga na mkongo havilii sawa.

#51 Mwana Keko
Mkongo zaidi, mzee. Mninga bei imepanda, anayeagiza ni mwenye nazo. Mkongo ukiwa mbichi unadanganya kidogo pembeni, lazima ugonge katikati.

#52 Mzee wa Tezo
Ahaa. Na sisi majahazi tunagonga karibu na kiini. Endelea.

#53 Pasi Ndefu
Wakati wazee wanagonga mbao, Mwana Keko, kitanda cha tano kwa sita cha mkongo shilingi ngapi? Na kesho yako ni ya kweli au ni ya fundi cherehani?